Mfupa Umeunga, Mguu Bado Unasumbua: Mwongozo Kamili wa Kuweka Misimbo ya Madhara Yanayobaki Baada ya Kuvunjika Mguu

Jumatatu asubuhi masjala ya hospitali yoyote ya Dar es Salaam haina mzaha. Faili zinakuja kwa marundo, feni inazungusha joto lilelile, na dirishani mtu anauliza kadi yake iko wapi. Chukua faili la juu. Ni la kijana wa Mbagala, zamani alikuwa anaendesha bodaboda. Miaka miwili iliyopita aligongwa na gari, ugoko wa kulia ukavunjika, akawekewa chuma, mfupa ukaunga. Leo amerudi kwa sababu goti halikunji. Choo cha kuchuchumaa kwake ni mtihani. Daktari kaandika mstari mmoja tu: "Old # R tibia, stiff knee," yaani ugoko wa kulia ulivunjika zamani, goti limekakamaa. Aliyepokea faili kaweka msimbo, ile alama ya herufi na tarakimu inayosimama badala ya jina la ugonjwa: S82.2, yaani kuvunjika kwa mfupa mkubwa wa ugoko, kafunga faili, kaendelea na lingine.

Amekosea. Simlaumu, maana nami nilikosea hivyohivyo kwa muda mrefu. Kuna mzee wa Tandika aliyevunjika paja, nami kila alipokuja kliniki nilimwandikia S72.3. Siku ya kujumlisha taarifa, mkuu wangu akaniita akanionyesha karatasi: "Huyu mzee wako anavunjika paja kila mwezi? Anafanya kazi gani?" Nilicheka, lakini kwenye takwimu mzee yule alikuwa amekwishahesabiwa kuwa watu sita.

Msimbo wa S unasema mfupa umevunjika na jeraha ni la sasa. Kijana wa Mbagala hana mfupa uliovunjika. Ana goti lililokakamaa, na lilikakamaa kwa sababu ya jeraha lililokwisha. Hayo ni mambo mawili tofauti, na kila moja lina msimbo wake. Mwongozo huu wote unazunguka hapo: kwanza andika kinachomsumbua leo, kisha andika kilichosababisha.

(Jambo dogo la lugha. Kazini wengi tunasema "kodi". Mimi naandika "msimbo", kwa sababu niliwahi kumwambia mgonjwa dirishani kwamba nasubiri kodi yake, akaanza kutafuta pochi.)

KITABU KIPI?

Kitabu tunachokifuata hapa ni Ainisho la Kimataifa la Magonjwa la Shirika la Afya Duniani, toleo la kumi, ICD-10. Toleo hilo lilipitishwa mwaka 1990 na lina vitabu vitatu: cha kwanza ni orodha ya misimbo, cha pili ni maelekezo, cha tatu ni faharasa ya maneno kwa alfabeti. Watu wengi hawakijui kitabu cha pili, na ndicho chenye kanuni ya mpangilio nitakayoieleza hapa. Toleo la kumi na moja lilianza kutumika rasmi duniani tarehe 1 Januari 2022, na lenyewe huunganisha misimbo kama mabehewa ya treni. Mwongozo huu ni wa toleo la kumi.

Tahadhari kubwa ni hii. Ukiandika ugonjwa kwenye intaneti, misimbo ya kwanza utakayoletewa karibu daima ni ya Marekani. Wao wana toleo lao, ICD-10-CM, walilolianza tarehe 1 Oktoba 2015, lenye misimbo ya mpaka herufi na tarakimu saba. Ukiona S82.201S ujue hiyo si ya kwetu. Usiinakili kwenye fomu ya madai ya bima ya hapa. Nitaizungumzia karibu na mwisho kwa ajili ya wanaosomea vyeti vya Marekani au wanaofanya kazi za huko wakiwa hapahapa Dar.

HATUA YA KWANZA: SOMA FAILI LOTE

Usiishie kwenye ukurasa wa leo. Rudi nyuma mpaka siku ya ajali, maana unatafuta mambo manne: mfupa gani, lini, ulivunjikaje, na ulitibiwaje. Kama kuna nakala ya PF3, hiyo fomu ya polisi ni dhahabu, kwa sababu ndiyo inayokuambia kama ilikuwa ajali ya barabarani, kupigwa, au kuanguka. Nakala ya ripoti ya upasuaji itakuambia kama aliwekewa chuma ndani ya mfupa, bamba na skrubu, au vyuma vya nje, au kama alifungwa POP tu, ile plasta ngumu.

Zoea mkono wa madaktari. Alama ya # ni kuvunjika. "Old" au "healed" mbele yake inakuambia jambo limepita. "Post-traumatic" inasema shida ya leo imetokana na jeraha la zamani. Neno hilo moja linaweza kukubadilishia msimbo wote. "Malunion" ni kuunga vibaya, "nonunion" ni kutokuunga. Ukiona tarehe ya ajali na ya leo zimepishana mwaka au zaidi, simama, usiandike S kabla hujafikiri.

Mgonjwa mwenyewe naye ana habari, ilimradi umwendee kwa adabu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu."

"Samahani, mguu huu uliumia lini?"

"Huu? Mwaka ule wa mvua kubwa. Nilianguka kwenye mnazi."

Hapo umepata chanzo. Lakini angalia mpaka wako: maneno ya mgonjwa yanakusaidia kujua umuulize nini daktari, si kuandika utambuzi wa ugonjwa wewe mwenyewe.

HATUA YA PILI: MFUPA UKO KATIKA HALI GANI?

Hapa ndipo kazi ilipo. Nenda taratibu.

Kama mfupa bado uko katika matibabu ya mwanzo, mgonjwa amelazwa, anasubiri upasuaji au ametoka tu, hiyo ni S. S72 ni paja, S82 ni kati ya goti na kifundo pamoja na kifundo chenyewe na pia kilegesambwa, S92 ni unyayo. Huko hakuna madhara yaliyobaki, kuna jeraha.

Kama amerudi kliniki kukaguliwa tu, POP ibadilishwe au ifunguliwe, tumia Z47.8. Kama matibabu yamekwisha na amekuja kuangaliwa kama yuko salama, ni Z09.4. Anayekuja kutolewa chuma kwa sababu mfupa umeunga na chuma hakina kazi tena, hana ugonjwa wowote, ni Z47.0. Wagonjwa hawa watatu ndio wanaopewa S kimakosa kuliko wote, na mzee wangu wa Tandika alikuwa mmoja wao.

Kama mfupa umechelewa kuunga ni M84.2. Kama haujaunga kabisa, ukishika mguu unacheza mahali pasipo na kiungo, ni M84.1. Kama umeunga lakini umepinda au umezunguka, ni M84.0. Utambuzi huu ni wa daktari na picha ya eksirei, si wa macho yako, hata kama mguu umepinda kama upinde.

Kama tatizo ni chuma chenyewe, hilo ni suala la matatizo ya vifaa: T84.1 chuma kikivunjika, kikilegea au kikihama, T84.6 kikiingiwa na maambukizi. Hapo unaongeza Y83.1 kuonyesha kwamba chanzo ni kifaa kilichowekwa kwa upasuaji.

Kama mfupa umeunga na mgonjwa hana shida yoyote, ila daktari ametaja tu kwamba aliwahi kuvunjika, ni Z87.8, historia. Basi. Usimpe mtu madhara asiyo nayo.

Na kama mfupa umeunga, lakini kuna kitu kimebaki, iwe ni kiungo kukakamaa, mguu kuwa mfupi, kuchechemea au goti kusagika, hapo ndipo umefika kwenye madhara yaliyobaki.

Kuhusu muda watu hubishana sana, kwa hiyo niseme inavyosema tanbihi ya kitabu. Madhara yanahesabiwa kuwa yaliyobaki kama daktari ameyaita hivyo, au kama yapo mwaka mmoja au zaidi baada ya jeraha. Soma hiyo "au" mara mbili. Daktari akiandika miezi saba baada ya jeraha kwamba kukakamaa huku ni matokeo ya jeraha lililopona, huna sababu ya kusubiri miezi kumi na miwili itimie. Na mwaka ukipita huku mguu bado una tatizo linalotokana na jeraha lile, huhitaji neno la pekee. Lakini mwaka kupita hakuufanyi mfupa uliovunjika upya kuwa wa zamani. Mtu aliyevunjika ugoko mwaka juzi akaanguka tena jana kwenye ngazi na kuvunjika palepale ana jeraha jipya, S82, na hesabu inaanza upya.

HATUA YA TATU: TAJA KINACHOMSUMBUA LEO

Msimbo huu ndio unaotangulia. Kwa mguu, mingi inatoka kwenye sura ya M, ya mifupa, viungo na misuli, na sura hiyo ina tarakimu ya ziada ya mahali inayosahaulika ovyo: 5 ni nyonga na paja, 6 ni ugoko na goti, 7 ni kifundo na unyayo. Ndiyo, goti ni 6, halihesabiwi na paja. Nimeona goti likiwekwa kwenye 5 mara nyingi kiasi kwamba nimebandika karatasi ukutani.

Kukakamaa kwa kiungo ni M25.6, kwa goti inakuwa M25.66, kwa kifundo M25.67. Lakini "stiff" la daktari ni neno pana. Kama kiungo kimebaki kimekunjwa na hakinyooki kwa sababu misuli na mishipa imejikaza, hiyo ni M24.5. Kama mifupa ya kiungo imeshikana na kiungo hakisogei kabisa, ni M24.6. Tofauti hii si ya mapambo: wa kwanza anapelekwa fiziotherapia, wa mwisho huenda anarudi meza ya upasuaji. Mimi humfuata daktari.

"Dokta samahani, huyu wa goti, limekakamaa tu au limeshikana?"

"Limekakamaa. Linakunja kama nyuzi arobaini hivi."

"Naomba uniandikie hilo hapa."

Sekunde ishirini. Kalamu yake ndiyo inayonilinda mimi na wewe.

Mguu mmoja kuwa mfupi kuliko mwingine ni M21.7, na kwa paja ni M21.75, kwa ugoko M21.76. Huu unawapata sana waliovunjika paja wakakaa nyumbani au kwa waunga mifupa wa jadi kabla ya kuja hospitali. Mifupa hupandana, ikaunga hivyohivyo. Daktari akiandika vipimo, mathalani sentimita tatu, msimbo hauna mahali pa kuziweka sentimita hizo, lakini ziache kwenye maelezo. Mguu uliopinda kwa ndani au nje bila daktari kutaja kuunga vibaya uko M21.0 na M21.1. Akitaja kuunga vibaya, M84.0 inatosha kwa kupinda. Ufupi ukitajwa na kushughulikiwa peke yake, uongeze.

Goti lililosagika baada ya kuvunjika lina nafasi yake pekee: M17.3 kwa goti moja, M17.2 kwa yote mawili. Nyonga ni M16.5 na M16.4. Kifundo ni M19.17. Kinachokupeleka huko ni yale maneno "post-traumatic", au daktari kusema wazi kwamba kusagika kumetokana na kuvunjika. Mtu wa miaka 70 mwenye goti lililosagika huenda ni uzee tu. Usiunganishe mwenyewe.

Usaha unaotoka kwenye tundu la ugoko miaka mitatu baada ya kuvunjika ambapo mfupa ulitoka nje ni ugonjwa unaochosha mgonjwa na hospitali pia. Kama ni maambukizi sugu ya mfupa yenye tundu linalovuja, ni M86.4, na kwa ugoko M86.46. Maabara ikishatoa jina la mdudu, ongeza msimbo wake. Staphylococcus aureus ni B95.6. Huo wa mdudu ni wa kuongezea tu, hautangulii kamwe.

Unyayo unaoning'inia kwa sababu mshipa wa fahamu uliumia pembeni ya goti ni M21.37. Misuli kusinyaa M62.5. Kovu linalovuta ngozi L90.5, kovu la kuvimba yaani keloidi L91.0. Kuchechemea peke yake, bila sababu nyingine iliyoandikwa, ni R26.8, ila ukiona R, yaani msimbo wa dalili tu, kwenye mguu uliowahi kuvunjika, mara nyingi maana yake ni kwamba faili halijasomwa vizuri au daktari hajaandika vizuri. Maumivu vilevile: M79.6 kwa mguu, M25.5 kwa kiungo, na kama kuna sababu yenye jina, andika sababu.

HATUA YA NNE NA YA TANO: YALIYOPITA

Hapa ni rahisi, nitapita haraka. Kwa mguu, misimbo ya yaliyopita iko kwenye T93. Paja ni T93.1. Ugoko, kifundo na unyayo ni T93.2. Kama kilichoumia kilikuwa mshipa wa fahamu ni T93.4, na msuli au kano ni T93.5. Mguu wenye kuvunjika na mshipa ulioumia, kukiwa na madhara ya yote mawili, unabeba yote mawili.

Ukishaandika T93, usiandike na S ya jeraha lilelile. Huwezi kusema mfupa umepona na umevunjika kwa wakati mmoja.

Kisha chanzo cha ajali. Ajali ya gari, pikipiki, bajaji au daladala barabarani, awe dereva, abiria au mtembea kwa miguu, kwa madhara yaliyobaki ni Y85.0. Usafiri mwingine, kama baiskeli iliyoteleza yenyewe, ni Y85.9. Kuanguka kwenye mnazi, kwenye jukwaa la ujenzi, au kuangukiwa na kitu ni Y86. Kupigwa na mtu ni Y87.1. Ile misimbo mirefu ya V na W ya chanzo cha ajali ni ya jeraha la siku ile. Kwa madhara yaliyobaki huihitaji.

Usikisie. Kijana aliyevunjika Kariakoo anaweza kuwa aligongwa, aliteleza, au alipigwa na kundi. Kwenye takwimu hayo ni matatizo matatu ya jiji, na hayatatuliwi na idara moja.

MPANGILIO

Kanuni ya kitabu cha pili ni kwamba msimbo mkuu ni wa tatizo lenyewe, na ule wa "madhara ya" unaongezwa kama wa ziada. Kwa hiyo kijana wetu ni M25.66, kisha T93.2, kisha Y85.0. Unasomeka hivi: goti limekakamaa, kwa sababu ugoko uliwahi kuvunjika, kwa ajali ya barabarani. Ukiusoma kwa sauti ukaleta maana, umepanga vizuri.

Kuna kighairi kimoja. Mgonjwa akiwa na madhara mengi ya wazi, hakuna lililozidi jingine kwa uzito wala kwa matibabu, unaruhusiwa kutanguliza T93 na mengine yakafuata. Usikimbilie ruhusa hii kwa uvivu. Kama mgonjwa amekuja kwa sababu ya goti na siku nzima imetumika kwenye goti, goti limezidi.

Jambo jingine: toleo hili la kumi halina kulia wala kushoto. Msimbo M25.66 hautasema ni goti lipi. Kwa hiyo andika kwa maneno kwenye nafasi ya maelezo, "goti la kulia", kila mara. Mgonjwa aliyevunjika kulia kisha baada ya miaka mitatu akavunjika kushoto atakushukuru.

TUFANYE WATATU PAMOJA

Fundi wa Kigamboni alianguka kutoka jukwaa la ghorofa miaka miwili iliyopita, paja la kushoto likavunjika. Alikaa nyumbani kwa miezi miwili kabla ya kwenda hospitali. Leo daktari anaandika: mfupa umeunga vibaya, mguu mfupi kwa sentimita nne, anapangiwa upasuaji wa kunyoosha. Tatizo linalopasuliwa ni kuunga vibaya, kwa hiyo M84.05 inatangulia. M21.75 inafuata, kwa sababu ufupi umetajwa na ni sehemu ya mpango. Kisha T93.1, kisha Y86. Aliumia kazini, kwa hiyo huenda faili hili litaombwa kwa ajili ya Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi. Hapo ujue kwamba asilimia ya ulemavu inakadiriwa na daktari. Msimbo wako hauna asilimia ndani yake, na mtu akikubembeleza "uweke ule mkubwa", hakuna mkubwa.

Mama wa Temeke aligongwa na bajaji miezi minane iliyopita, kifundo kikavunjika pande zote mbili. Analalamika maumivu na uvimbe jioni. Eksirei inaonyesha mfupa umeunga. Daktari kaandika: "ankle pain, healed #." Miezi minane, mwaka haujatimia. Daktari hakusema maumivu haya ni matokeo ya jeraha, wala hakusema kifundo kimesagika. Usiruke kwenda M19.17. Rudisha faili lenye swali moja: maumivu haya yanatokana na nini? Akijibu kwamba kifundo kimeanza kusagika kwa sababu ya kuvunjika, ni M19.17, T93.2, Y85.0. Akijibu kwamba ni maumivu ya kifundo yaliyobaki baada ya jeraha, ni M25.57, T93.2, Y85.0. Asipojibu, unabaki na M25.57 na Z87.8, na faili linaenda hivyo.

Wa tatu ni babu mmoja aliyewekewa chuma pajani miaka minne iliyopita. Amepona, anatembea vizuri, ila amechoka kukihisi chuma wakati wa baridi na anataka kitolewe. Ukiona "miaka minne", mkono utakwenda T93.1 wenyewe. Uzuie. Babu hana madhara yoyote yaliyoandikwa. Z47.0 peke yake.

KWA WANAOFANYA KAZI ZA MAREKANI

Siku hizi vijana wengi wa Dar wanasomea uwekaji misimbo kwa intaneti wakilenga kazi za huko. Kanuni kuu ni ileile, tatizo la leo linatangulia na jeraha linafuata, lakini mashine ni tofauti. Hawatumii T93 kabisa. Wanachukua msimbo wa jeraha lenyewe na kuupachika herufi ya saba, S. Kijana wetu wa Mbagala angekuwa M25.661 kwa goti la kulia lililokakamaa, kisha S82.201S kwa mwili wa ugoko wa kulia uliowahi kuvunjika. Msimbo wa chanzo cha ajali nao unabeba S mwishoni. Ile M25.661 haibebi S. Wanafunzi wengi huipachika kila mahali kama chumvi. Inakwenda kwenye jeraha na chanzo, si kwenye tatizo la leo.

Huko hakuna kanuni ya mwaka mmoja. Madhara yanaweza kuandikwa wakati wowote jeraha la mwanzo likishapita. Kulia na kushoto vimo ndani ya msimbo. Na mfupa usiounga au ulioungwa vibaya hauendi M84 ya kwetu, unabaki kwenye S82 au S72 na herufi ya saba inabadilika: K kwa usiounga na P kwa ulioungwa vibaya pale ngozi haikuchanika. Pale mfupa ulipotoka nje, herufi inategemea ukubwa wa jeraha kwa madaraja ya Gustilo: M na Q kwa daraja la kwanza na la pili, N na R kwa la tatu. Pale ngozi haikuchanika, A ni matibabu ya jeraha lenyewe yakiwa bado yanaendelea, D ni ufuatiliaji wa mfupa unaopona vizuri. Ukihama kutoka mfumo mmoja kwenda mwingine ndani ya siku moja, weka madaftari mawili ya rangi tofauti. La kwangu la Marekani ni jekundu.

KABLA HUJAFUNGA FAILI

Angalia kama S imebaki mahali isipotakiwa. Angalia tarakimu ya mahali, hasa goti. Angalia kama T93 uliyoiweka inalingana na mfupa ulioandikwa siku ya ajali, maana kwenye faili lenye karatasi 60 paja na ugoko huchanganyika kirahisi. Kisha linganisha msimbo na huduma anayoombewa: ombi la fiziotherapia ya goti likiambatana na msimbo wa mfupa uliovunjika upya litaleta maswali kwa bima, na maswali hayo yatarudi dirishani kwako.

Yule kijana wa Mbagala nilimrudisha kwa daktari, akaongeza maneno manne chini ya mstari wake. Nikafuta S82.2, nikaandika M25.66, T93.2, Y85.0, na pembeni "goti la kulia". Faili likaenda fiziotherapia, naye akalifuata akichechemea, kofia ya pikipiki bado mkononi.